Besi ya Mzee Stefano

Jumanne, 4 Juni
Mazoezi ya bendi ya kanisa saa kumi. Wameanza kufika kumi na moja kasoro, kama kawaida. Naongea, Elia anapuliza tarumbeta. Mwingine anachati. Hasira zilinipanda kabla ya wimbo wa kwanza. Sikukuu ya mavuno tarehe 16, na mstari wa tatu wa wimbo wa siku hiyo besi bado wanauharibu. Wapiga besi, tarumbeta za sauti nzito, ni wawili tu: Mzee Stefano na Elia, aliyemwoa binti wa mzee.
Nikasimamisha bendi, nikamnyooshea mzee kijiti cha kuongozea. "Mzee, sikio limekufa? Kama huwezi, kaa pembeni." Vijana wakacheka. Mzee akafuta mdomo. Elia aliangalia chini.

Alhamisi, 6 Juni
Mzee hajaja. Simu hapokei. Kasusa, shauri yake.
Tukapiga mstari wa tatu. Kosa likatoka vilevile, na besi alikuwa Elia peke yake.
Kumbe siku zote kosa lilikuwa la Elia. Mzee alijua, akanyamaza, maana baba mkwe hamuumbui mkwe wake mbele za watu. Mimi nikamtukana mbele ya mkwe huyohuyo. Kwetu hilo si dogo. Najichukia.

Ijumaa, 7 Juni
Nimekwenda kwake Nsemulwa na kilo mbili za sukari. Mkewe alinikaribisha vizuri, nikazidi kuona aibu. Nikapiga magoti.
"Nimeshakusamehe, mwanangu," mzee akasema. "Lakini ulinivua nguo kule kwa watu, sio hapa sebuleni."
Nimeelewa. Nitaomba radhi kulekule mazoezini. Na nisimtaje Elia, maana nitamwaibisha mzee mara ya pili. Naogopa. Asiporudi hatupigi mavuno. Na yeye ndiye aliyenifundisha kushika tarumbeta.

Jumamosi, 8 Juni
Mzee alikuja mazoezini mikono mitupu, akakaa benchi la nyuma. Kabla ya sala nikasimama. Nikasema nilimkosea Mzee Stefano, na kosa la mstari wa tatu ni langu, niliwakimbiza bila kuwafundisha. Hakuna aliyecheka.
"Imekwisha, Mwalimu," akajibu. Akatoka nje. Kumbe tarumbeta alikuja nayo, ameifunga kwenye baiskeli! Nikapumua. Nilitaka kulia.
Baadaye Elia alibaki. "Mwalimu, ile noti ilikuwa yangu." Nikamwambia najua, tukae tuifanye polepole. Tukaifanya mpaka midomo ikamuuma.

Jumanne, 11 Juni
Nimefika wa kwanza. Simu zote kwenye kikapu, ya kwangu ikiwa juu. Kukosoa sasa nasema tu, "Besi, turudie." Nimejing'ata ulimi mara mbili. Mdomo wangu huu!

Jumapili, 16 Juni
Tumepiga. Mahindi, mchele na kuku wamejaa mbele ya madhabahu, kanisa limesimama lote. Ulipofika mstari wa tatu, Mzee Stefano alishusha tarumbeta yake, akamwachia Elia peke yake. Noti ikakaa sawasawa. Mzee hakumgeukia. Alilamba midomo, akapandisha tarumbeta, wakaendelea wawili.
Nimerudi nyumbani. Nimevua viatu. Chai iko jikoni, sina haraka nayo.