Mfalme Anamjua Heritier

Lailah, nimejifungia chooni kwa Mama Perpétue hapa Kabalagala, na sitoki. Usicheke.

Unajua kila Jumamosi namwekea tamthilia yake ya Kikorea kwenye laptopu, nikiwa nimeipakua kabla bando halijaisha. Maandishi ya Kiswahili ya chini ya picha nayaandika mwenyewe, na kila mara yanagoma kutokea. Naishia kumsomea kwa mdomo.

Leo mwanawe Heritier kaingia, kalipatia faili la maandishi jina lilelile la video. Yakatokea yote. YOTE, Lailah!

Hata ule mstari niliouandika kwa upuuzi wangu, nikijua hakuna atakayeuona. Mfalme yuko kitandani anakata roho, na chini yake: "Heritier, acha kuniita dada. Nakupenda."

Mama Perpétue akavaa miwani. "Eh! Huyu mufalme anamujulia wapi Heritier yangu?"

Heritier akasimamisha video. Mfalme mdomo wazi, mimi mdomo wazi.

"Nani ameandika hii, dada?"

Dada! Tena dada! Aibu yote ikageuka hasira.

"Si mfalme, mama," nikasema, na sauti ikatoka kubwa kuliko nilivyotaka. "Ni mimi. Mimi ndiye ninayempenda."