Kisogo cha Mama Kwenye Sinema

Nyumba ya kona, ghorofa ya pili
Jumapili, 9 Juni

Mpendwa dada,

Kwa heshima na taadhima nakutangazia kuwa pazia la sebuleni halipo tena. Lilivuliwa hadharani, familia nzima ikishuhudia. Lakini kwanza, hujambo? Miguu ya mama mkubwa inaendeleaje? Sisi wazima, ukiondoa akili za mdogo wetu.

Aliyeling'oa ni yeye, Mheshimiwa Mwanga. Siku hizi ni mpiga picha wa filamu huru. Huru, maana yake hana wa kumkanya. Taa za umeme anaziita uongo. Anapiga kwa jua la dirishani tu, na wingu likipita, waigizaji wote wanakaa chini kulingoja liende zake.

Ulipoandika kwamba mama mkubwa anatamani kuuona uso wa mdogo wake kabla macho hayajamwishia, tukasema mambo yamejipa. Mama alikuwa keshapewa nafasi kwenye filamu: mjane anayetazama barabara. Akasuka nywele, akakaa asubuhi nzima ameelekea jua, hata kukohoa hakohoi. Mheshimiwa na kamera yake walikuwa nyuma. Tukadhani bado anajipanga.

Wiki iliyopita ikaonyeshwa, ukumbi wa maktaba, viti vya plastiki. Mama alialika majirani wa ngazi nzima. Dada, tuliona kisogo. Kisogo na sikio moja, mpaka jirani wa chini akashindwa kuvumilia.

"Huyo nani?"

"Mimi," mama akasema.

"Mbona umetupa mgongo, shoga yangu? Tumekukosea nini?"

Mheshimiwa akageuka, shingo kama twiga. "Uso ni rahisi, mama. Kila mtu ana uso."

"Ndiyo, mwanangu. Hata mimi nilikuja nao."

Wajuzi wa sinema, wenye miwani mizito, wakapiga makofi. Wameshamwita akapige filamu nyingine, ya ukuta nadhani. Mtu anahangaika kuutafuta mwanga, akiupata anaumwagia kisogoni!

Basi filamu siitumi. Mama mkubwa hakungoja miaka yote hii aje kusalimiana na kisogo. Jana nilimkalisha mama dirishani palepale, nikatoa simu yangu, nikasema kazi gani hii ya kuwavulia watu mapazia. Picha imo humu, uso mzima, hadi kile kidoti cha shavuni. Mpe aishike mwenyewe.

Msalimie shemeji na wapwa zangu watundu. Mama mkubwa mwambie mdogo wake anamtaja kila akiamka. Mungu awafunike.

Nduguyo akuwazaye,
Kaka Mdomo

Nilisahau: hiyo picha kaipiga Mheshimiwa. Zangu zote zilimkata mama kichwa.