Zamu ya Mjane

Jumatatu, 3 Juni
Filamu yangu ya kwanza! Miaka kumi na tano nimepiga picha za harusi mjini El Alto – keki, bibi harusi, wajomba walevi. Sasa mwongozaji, Rómulo, kanipa kamera ya filamu nzima: mjane anamsaka lama wake, mnyama wake wa mizigo, mlimani. Nikiharibu, narudi kwenye keki.

Kijiji kimenipa nyumba tupu ya mwalimu. Mjane ni Mama Eulogia. Uso ule! Nimeupiga mpaka jua likazama.

Jumanne, 4 Juni
Balaa. Mjane wa leo si Eulogia, ni jirani yake, mnene, mcheshi. Mzee Casiano, kiongozi wa kijiji, akashangaa ninashangaa nini: hapa hata uongozi huzunguka nyumba kwa nyumba, sembuse ujane wa uongo? Nyumba ziko kumi na saba.

Rómulo anatafuna majani yake ya koka tu. Eti, "Dada Nieves, macho ni wewe. Tafuta njia."

Jumatano, 5 Juni
Njia: tunampiga picha kwa nyuma. Shali moja, kofia moja, migongo mbalimbali. Safi!

Alhamisi, 6 Juni
Mjane ana masharubu. Don Tiburcio – mkewe yuko sokoni, na zamu ni ya nyumba. Lama alimkimbia kwelikweli. Nilicheka mpaka kamera ikatikisika.

Ijumaa, 7 Juni
Upepo, hatukupiga picha. Supu ya viazi vikavu, mara tatu.

Jumamosi, 8 Juni
Kikao cha kijiji. Casiano kasema kamera nayo ni kazi, mbona Nieves anaibeba peke yake wiki nzima? Ni kumwonea. Wakanipa pole! Nikasema jamani, naipenda. "Hata mwenyekiti hukipenda kiti," akajibu Eulogia. Wakacheka. Mikono yote juu.

Rómulo hakunitetea, mshenzi yule. Kesho ni picha ya mwisho, uso wa mjane kwa karibu. Kamera: Eulogia.

Jumapili, 9 Juni
Nimemwonyesha pa kubonyeza, basi. Mengine nikamficha – roho mbaya, najua. Akachungulia, akasogea hatua tatu, akapiga magoti kwenye barafu. Rómulo akatazama kioo cha kamera, akaacha kutafuna. Nikamsukuma nione. Nzuri. Nzuri kuliko zangu zote!

Nikauliza mjane leo nani. Casiano akahesabu kwa vidole: nyumba ya tano ni ya mwalimu. Akanivika shali.

Naandika nimesimama, tunangoja wingu lipite. Machozi hayakatiki, nimechomoa leso.

"Usifute, mwanangu," anasema Eulogia, jicho kwenye kamera. "Weka hilo daftari chini. Jua hilo linatoka –"