Jina Nililompa Mwalimu Yusuf

Jumatatu, 3 Novemba

Mvua tena. Soko la mifugo tope tupu. Tangu asubuhi nimeuza dawa ya minyoo ya mbuzi na chupa tatu za dawa ya kupe, basi.

Baada ya Alasiri Ifrah kapita dukani na karatasi mkononi. Binti yangu huyu akishika jambo haachi. Shule anayofundisha imepata projekta. Kila Jumamosi alasiri ataonyesha filamu moja ukumbini. Za taharuki, za karne iliyopita, zote zilizoshinda tuzo kubwa. Chini kutakuwa na maandishi ya Kisomali. "Aabo, si hizi ndizo zako?"

Ndizo zangu. Miaka thelathini nyuma nilikuwa na maikrofoni kwenye banda la video nyuma ya soko. Mabati, jenereta, mabenchi. Mimi ndiye niliyewaambia watu kwa Kisomali nani kasema nini. Adan, jina nililopewa na wazazi, lilikufa humo bandani. Mji mzima unaniita Raadiyo, yaani redio.

Nikawa natamba dukani, kifua mbele, mpaka Ifrah akafika filamu ya pili. Ile ya mwenye miwani. Jumamosi ya tarehe 15. Nikaacha kutamba.

Naandika Kiswahili kwa sababu Halima hakisomi. Mke mwema, ila hakuna kitu kinachofichika kwake.

Jumatano, 5 Novemba

Nimemwomba Ifrah anionyeshe filamu kwenye kompyuta yake. Afadhali ningekaa dukani.

Kisa chenyewe: tajiri mmoja anakutwa amekufa nyumbani kwake. Daktari wake mpole anamlilia. Mtu mwenye miwani minene anazunguka nyumba, anafungua droo, hasemi neno. Mwisho wote wanakaa chumba kimoja, wanaongea dakika kumi na mbili. Hakuna ngumi. Hakuna bastola. Maneno matupu.

Dakika kumi na mbili hizo ndizo zilizonitia mashakani. Kiingereza changu kilikuwa cha salamu na bei. Banda limejaa, watu wananingoja. Nikatazama nyuso, nikasikiliza muziki, nikaamua: mwenye miwani ndiye muuaji. Nikampa sababu, ugomvi wa visima. Nikamtia maneno ya kuungama kinywani. Watu walilia, wallahi.

Leo nimesoma maandishi. Muuaji ni daktari. Mwenye miwani ni mpelelezi. Ndiye aliyemwokoa binti wa marehemu. Mtu pekee mwenye utu ndani ya nyumba ile.

Na Yusuf je? Siku ile Mwalimu Yusuf alikuwa mgeni mjini, kahamishiwa hapa Garissa kutoka Sangailu, na usoni ana miwani kama ile ile. Watu wakatoka bandani, wakamwona mlangoni, mmoja akapiga kelele: Dilaa! Yaani muuaji, kwa lugha yetu. Sisi Wasomali jina la utani likimshika mtu halimwachi mpaka kaburini. Mpaka leo ni Mwalimu Dilaa. Wanafunzi wake wa zamani, sasa watu wazima wenye ofisi, hawajui jina lake jingine.

Rafiki yangu wa miaka thelathini. Nimemfanya muuaji kwa ujinga wangu.

Ijumaa, 7 Novemba

Sijalala vizuri. Nimemkwepa Yusuf msikitini. Nimetokea mlango wa nyuma kama mwizi wa kandambili.

Jumamosi, 8 Novemba

Filamu ya kwanza imepita salama. Niliwahi kuitafsiri sawasawa, au karibu na sawasawa. Yusuf alikaa ubavuni mwangu. Baadaye tukanywa chai kwangu, na hapo ndipo aliponimwagia jambo lake.

Binti yake Nasra kaposwa na kijana wa Tarbaj, kule Wajir. Kijana mzuri, wanapendana. Lakini wazee wa kijana wakauliza habari za baba ya msichana njiani, kule Habaswein, kwenye hoteli. Wakajibiwa: ah, yule si Dilaa wa Garissa! Wazee wakaganda. Wanataka kujua aliua nani, wa ukoo gani, na kama dia, fidia ya damu, ililipwa. Bila jibu, hakuna ndoa. Hawawezi kuingiza nyumbani damu isiyosuluhishwa. Siwalaumu, na mimi ningeuliza hivyo hivyo.

Yusuf kawaambia kwa simu kwamba ni jina la filamu tu. Hawakumwamini. Wakasema kila muuaji ana hadithi yake. Sasa wanakuja wenyewe, Jumamosi ijayo, na anataka mimi niwe shahidi wake. Nani mwingine? Mimi ndiye niliyetafsiri.

Nikasema ndiyo. Nikasema kwa furaha kabisa, Mungu anisamehe. Alikuwa anacheka lakini chai aliiacha ipoe. Nasra analia siku ya tatu, hataki kula.

Sikumwambia.

Jumapili, 9 Novemba

Mwoga mimi. Niandike tena: mwoga.

Jumanne, 11 Novemba

Mambo yameharibika zaidi. Wazee wa Tarbaj wamesikia kwamba filamu yenyewe itaonyeshwa siku hiyo hiyo. Wamefurahi. Wataitazama kwa macho yao. Wakimwona mwenye miwani ameua, basi jina limetoka huko, na harusi iendelee.

Lakini mwenye miwani hajaua mtu! Watakaa pale, watasoma maandishi, watamwona anamwokoa msichana, halafu watamgeukia Yusuf. Watamwita mwongo juu ya kuwa muuaji. Ushahidi anaoutegemea ndio utakaomzamisha.

Nikamwendea Ifrah abadilishe filamu. Aweke yoyote, hata ya katuni. Akataka sababu. Nikafoka. Akaniuliza taratibu kama ninaumwa. Nikaondoka.

Jioni Halima kanibana. Nimemweleza yote. Nilidhani atanipa pole. Kacheka mpaka akashika mbavu, kisha akanuna ghafla. Mdomo uliokuwa na maikrofoni, kasema, leo ndio unakauka?

Alhamisi, 13 Novemba

Mvua imekata barabara ya Wajir. Gari la wazee limekwama kwenye tope karibu na Habaswein. Nilivyosikia nikasema alhamdulillahi, kwa sauti, mbele ya wateja. Kisha nikaona haya. Mtoto wa watu analia na mimi nashukuru tope.

Magharibi habari mpya: wamevutwa na lori la ng'ombe. Wanakuja.

Ijumaa, 14 Novemba

Nilikwenda kwa Yusuf kumwambia. Nyumba imejaa wanawake, wanakanda unga, wanapamba chumba cha wageni. Nasra kanifungulia mlango, macho yamevimba, kanisalimu kwa adabu, kaniita abti, mjomba. Nimerudi nyumbani na maneno yangu yote mdomoni.

Jumamosi, 15 Novemba

Leo naandika bila hofu.

Ukumbi ulijaa pomoni. Wanaume kushoto, wanawake kulia. Wazee watatu wa Tarbaj mstari wa mbele, mkubwa wao Mzee Bulle, ndevu nyekundu kwa hina, bakora kati ya magoti. Yusuf kando yao na miwani yake. Mimi nyuma yao. Shati limenilowa.

Filamu ikaanza. Mzee Bulle alitazama kama anayekagua ngamia, hakupepesa. Ikafika dakika zile kumi na mbili. Maandishi yakapita. Daktari akaungama. Wazee wenzangu, wateja wangu wa zamani wa bandani, wakaanza kunong'ona. Mmoja akasema kwa sauti filamu hii imebadilishwa. Mwingine akasema wazungu wameiharibu.

Taa zikawashwa. Mzee Bulle akasimama, akaegemea bakora. Kasema taratibu, bila hasira, na hapo ndipo nilipoogopa zaidi: mwenye miwani huyu hakuua mtu. Basi jina la huyu mwalimu limetoka wapi? Upande wa wanawake nikasikia mtu anavuta pumzi. Najua alikuwa Nasra. Yusuf akafungua mdomo.

Nikasimama kabla yake. Sijui miguu ilitoka wapi. Nikasema: kwangu. Limetoka kwangu. Nikasema sikujua Kiingereza, nikatunga. Nikasema nimemdhulumu huyu bwana miaka thelathini na sikuwahi kumwomba radhi.

Mzee Bulle akanitazama. Akasema huenda nimepangwa na rafiki yangu nije kusema hivyo. Haki yake.

Nikamwita Ifrah. Nikamwambia arudishe dakika kumi na mbili za mwisho, azime sauti, anipe maikrofoni. Kanitazama, akaelewa yote mara moja, mwanangu huyu. Akanipa.

Nikatafsiri. Vilevile kama siku ile. Mwenye miwani akafungua mdomo na mimi nikamtia maneno ya visima. Nikadhani nimesahau, lakini sentensi ya pili ilipotoka, wazee wa nyuma wakaidaka. Wakaimalizia! Ya tatu wakaisema pamoja nami. Ilipofika ile ya "mkono huu ulichota maji na mkono huu ukamwaga damu," nusu ya ukumbi ilikuwa inasema, wanaume na wanawake, hata Halima wangu aliyekuwa akiuza chai mlangoni enzi hizo. Hakuna awezaye kupanga watu mia wakariri uongo mmoja kwa miaka thelathini.

Mzee Bulle alikuwa anatikisika. Nikadhani amekasirika. Alikuwa anacheka, machozi mpaka ndevuni. Akauliza: kwa hiyo marehemu ni mwigizaji? Nikasema ndiyo. Alipomaliza kufa akainuka? Ndiyo, akaenda kuchukua tuzo. Akasema basi dia yake imeshalipwa.

Wanawake wakapiga vigelegele, shuleni, Ifrah akiwasihi wanyamaze. Nikaketi. Sijawahi kupumua namna hii. Mzigo ulikuwepo kifuani na sasa haupo.

Jumapili, 16 Novemba

Nimekwenda kwa Yusuf kumwomba radhi vizuri, bila maikrofoni.

Alijua. Alijua tangu siku ya kwanza! Mwalimu wa Kiingereza, jamani, nilidhani alikuwa anasikia nini pale bandani? Alielewa kila neno, akanisikia nikitunga, akanyamaza. Na aliponiomba niwe shahidi alijua nitaona aibu, ndiyo maana hakunibana. Alipofungua mdomo ukumbini alikuwa anataka kuniokoa mimi.

Nikamuuliza kwa nini miaka yote hiyo. Kwanza akatania, kwamba hakuna mwanafunzi aliyewahi kutoroka darasa la Dilaa. Kisha akavua miwani, akaifuta. Kasema alikuwa na miezi miwili mjini na hakuna mtu aliyekuwa akimwita chochote. Anakula peke yake, anaswali mstari wa nyuma, anarudi chumbani. Siku ile alitoka bandani na mji mzima ukamwita.

Nililia. Naye pia kidogo. Kisha akanikemea kuhusu visima: tajiri wa Ulaya na kisima wapi na wapi?

Ijumaa, 21 Novemba

Mvua imepumzika. Nikahi imefungwa leo baada ya swala. Sheikh aliposoma "Nasra binti Yusuf" watu wakageukiana. Yusuf ni nani? Mmoja akanong'ona pengine wamekosea msikiti.

Nilikuwa nimeapa kutomwita tena lile jina. Tulipotoka, alikuwa ametangulia, anatafuta viatu vyake kwenye rundo. Nikamwita: Yusuf! Hakugeuka. Nikaita tena, kwa nguvu. Akaendelea kutafuta.

Nikamwita Dilaa. Akageuka, akaniinulia kiatu kimoja kuniuliza kama ni chake. Kilikuwa changu.