Nyuki Wamehamia Kwenye Kirikuu Yetu

Jumanne. Jua la leo lisikieni kwa wengine. Vumbi mpaka kwenye meno, miguu imeumuka kama mandazi.

Haya, mwenzenu nimerudi, na gari limetoka. Nalisema mapema maana nawajua mnavyokimbilia mwisho.

Kwa asiyejua: mume wangu, baba Neema, alisimamishwa kwenye kizuizi cha polisi njia ya Sikonge, kirikuu yetu, kile kigari cha mizigo, imejaa viroba vya udongo mwekundu. Wakasema huo mchanga wa dhahabu, anasafirisha madini bila kibali. Jamani, udongo wa kichuguu! Wa kukandika bani letu la kukaushia tumbaku! Lakini baba Neema hata ukimuuliza jina lake anafikiria kwanza. Alivyonyamaza, wakaona huyu ana siri. Gari likashikwa, yeye akalala mahabusu. Alivyotoka kwa dhamana akasema geti lile la polisi hakanyagi tena.

Sasa nani alikuwa anafuatilia? Si ni mimi! Nenda ofisi ya madini, rudi polisi, bosi kasafiri, udongo haujapimwa, njoo wiki ijayo. Na gari lile ndilo linatulisha, linabeba asali za watu kutoka Sikonge. Wateja wameanza kutafuta magari mengine.

Mtaani nako usiseme. Mimi ninayejua habari za mtaa wetu wote wa Cheyo, nikifika jumuiya wanawake wananyamaza. Eti tuna dhahabu ndani. Kumbe umbea mtamu ukiwa wa mwenzio.

Leo ndiyo wakasema majibu yametoka, udongo ni udongo, kesi hakuna. Karatasi ikagongwa muhuri. Nikakimbilia gari pale uani kwa polisi, nikafungua mlango.

Nyuki.

Kundi zima limening'inia chini ya usukani kama ndevu. Gari limelowa asali miaka yote, kioo kimoja hakipandi, basi wakaona nyumba hii hapa.

Askari wa zamu akacheka mpaka akashika ukuta.

"Mama, na hao wana kibali?"

"Afande, nina presha mimi, usinichekeshe."

Akaniletea kopo la dawa ya mende. Eti pulizia uondoke, gari lisilale tena hapa.

Niseme ukweli wangu, kopo nililishika. Nilikuwa nimechoka, sikujali nyuki wala asali. Nikampigia baba Neema ili aniruhusu tu. Kwao nyuki wakija wenyewe hawafukuzwi, sembuse kuwaua. Akafikiria weee, mpaka nikaona salio linakwisha.

"Mama Neema, usipulize. Nakuja."

Jua limeshalala ndiyo namwona getini na baiskeli, mzinga kaufunga nyuma kwa mpira. Akasimama pale nje. Akasimama sana. Na mdomo wangu huu wote, sikumwita.

Akaingia.

Akawasalimia nyuki, akawasha moshi wake, akawa anawachota kwa mkono polepole, kama mtu anaogesha kichanga. Yeye hawakumgusa. Wameniuma mimi, niliyesimama kule ukutani! Shavu hili hapa, nikilala upande huu naona nyota.

Tukapakia mzinga na baiskeli. Akaendesha mwenyewe, na kwenye geti lile akapiga honi. Mtu ambaye hata ng'ombe wakiziba njia huwa anawasubiri.

Sasa kalala anakoroma. Mimi nimekaa na shavu langu na miguu yangu, nawaza. Bani bado halijakandikwa, tumbaku haingoji mtu, na udongo ni ule ule, njia ile ile, na kizuizi kipo pale pale. Nimechoka, lakini safari hii haendi peke yake. Nitakaa mbele pembeni yake. Wakitusimamisha nitaongea mimi, mpaka wenyewe watuombe tuondoke.