Mume Wangu Aliniachia Mke Wake wa Kwanza

Kwako Bi Tavesh, mshauri wa gazeti letu,

Natumaini u mzima. Mimi nina shida ambayo siwezi kumwambia mtu kwa mdomo, na sababu unaijua, jambo ukilisimulia hadi mwisho linakutoka na kumwingia aliyesikia, ndiyo maana nakuandikia, maana karatasi haichukui kitu. Mume wangu Hadru, fundi wa kofia za sufu hapa Ormeli, alifariki theluji ilipoanza kuyeyuka, na kama ilivyo kawaida yetu, alipoona anaondoka akaanza kujisimulia ili asizikwe na kumbukumbu za watu, na aliyekuwa kando ya kitanda ni mimi peke yangu kwa sababu binti yake Ilveti alikuwa milimani kwenye machimbo ya chumvi na njia zilikuwa zimefungwa. Basi akanisimulia mke wake wa kwanza, marehemu Sanu, siku mbili mfululizo, na kila alipomaliza jambo moja nilimwona usoni kwamba limeshamtoka, ananiuliza, eti, nilikuwa nasema nini?

Bi Tavesh, mimi sikutaka. Miaka kumi na miwili ya ndoa, nikisikia jina la Sanu nilikuwa nageuza uso. Lakini sasa ninaye kichwani, namkumbuka kwa macho ya Hadru, amesimama mlangoni na unga kwenye kope, mkate umeungua naye anacheka mpaka anashika ukuta, namkumbuka akimbembeleza Ilveti kwa wimbo ambao maneno yake ameyakosea, na moyo wangu unaruka kama ulivyoruka wa Hadru. Nimempenda, nasema kweli, nikikanda sufu najikuta nacheka peke yangu. Na humohumo nampata Hadru akiwa kijana mwenye furaha, Hadru ambaye mimi sikumpata, kwa sababu mimi niliolewa na mtu mkimya aliyekula supu yake akasema asante.

Sasa Ilveti anaolewa mwezi huu wa kuvuna shayiri, anakwenda kuishi ng'ambo ya milima, na kwetu bibi harusi husimuliwa mama yake kabla hajavuka kizingiti. Mama yake alifariki yeye akiwa na mwaka mmoja, hana hata sura yake. Wiki iliyopita alikuja, akakaa kwenye kigoda cha baba yake, akaniuliza taratibu, "Mama mdogo, baba alikuachia mama yangu?"

Nikamjibu, "Hapana mwanangu. Pumzi ilikatika mapema."

Akainamisha kichwa, akasema haya, kisha akaosha vyombo vyangu vyote. Hakulia, na hilo ndilo linaloninyima raha, maana angelia ningeungama palepale.

Nikimpa, wote wawili wananitoka, Sanu na Hadru wake, na mimi nabaki na nini? Tena kuna hili linaloniuma kuliko yote, kwamba siku zote mbili Hadru hakunisimulia hata neno moja juu yangu. Nilingoja. Alipomaliza ya Sanu na ya wazazi wake na ya ujana wake, nikamuuliza, "Na mimi je?" Akatabasamu, akatikisa kichwa, akafumba mdomo, na kesho yake akafariki. Nimwambie binti ukweli, au ninyamaze aende zake? Zimebaki siku kumi na moja.

Ni mimi Orseli, mjane wa fundi wa kofia.

*

Orseli,

Pole kwa msiba, na pole hiyo naitoa kwa moyo wote. Sasa kaa vizuri tusemezane. Umemdanganya yatima akiwa amekaa kwenye kigoda cha baba yake, halafu ukamwacha akuoshee vyombo. Sikuiti mwizi, maana ulipewa. Lakini tangu siku ile alipokuuliza, ulicho nacho kina mwenyewe. Hadru alikusimulia wewe kwa kuwa njia zilifungwa, si kwa kuwa Sanu ni wako. Unasema umempenda, nami nakuamini. Basi jiulize huyo mwanamke mwenye unga kwenye kope angependa akae kwa nani.

Mwite binti kesho asubuhi. Kabla ya neno lingine lolote mwambie ulimdanganya, na akikasirika mwache akasirike, ana haki. Funga mlango, na jirani akiwepo umtoe kwa adabu, kwa sababu wakisikia wawili kitu kinagawanyika, mtoto wa watu asije akaondoka na mama asiye na sauti. Simulia hadi mwisho. Ile hila ya kumeza neno la mwisho ili kitu kisitoke sote tunaijua, na wewe usithubutu. Ila habari za siku mbili ulizokaa kando ya kitanda cha Hadru, ukizianza uziache katikati, hizo ni zako. Na kabla hujaanza, andika karatasi uibandike juu ya meko: "Nilimpa Ilveti mama yake." Utabaki na uwazi kichwani na utahangaika kutafuta kilichokuwamo kimekwenda wapi, basi karatasi itakujibu.

Nakuja kwenye lile linalokuuma. Mwanamke wewe, umeishi Ormeli miaka mingapi? Anachokisimulia mtu, ameagana nacho. Dobriki wa kinu aliisimulia harusi yake kilabuni kwa sababu ya vikombe viwili vya pombe, na mpaka leo anawauliza wenzake siku ile alivaa nini. Hadru alikuwa na akili zake. Desturi ilimtaka atoe vyote, naye akatoa vyote, akatoa ujana wake, akatoa wazazi wake, akamtoa hata Sanu aliyempenda kiasi hicho. Kimoja tu ulipomwomba, alitabasamu akafumba mdomo.

Alikufa hamjui Sanu ni nani, Orseli. Aliondoka na wewe tu, na supu zako. Kamwite binti.

Bi Tavesh