Salamu ya Baba Taiwo

Jumanne, Novemba 1971

Suti mpya, halafu mimi chini sakafuni! Wangeniona wale wa Machakos...

Yote yalianza jana. Baba Taiwo, Myoruba mwenye nyumba hii, alipoingia nilimnyooshea mkono kwa madaha: "Habari, mzee!" Akanitazama tu, kisha akaniambia nihame Jumamosi. Na hapa Birmingham mtu mweusi anapata chumba wapi? Niliogopa, nakiri.

Mwanawe Taiwo akanicheka. "Mshamba wewe. Kwetu kijana hamtangulizii mzee mkono. Analala kifudifudi, kifua chini."

"Mimi? Silali chini hata mbele ya gavana. Na wewe mbona hulali mbele yake?"

"Mimi nimezaliwa hapahapa mjini, Lozells. Wewe ndiye unayetaka chumba."

Leo jioni mzee aliporudi kutoka kiwandani, nikajitupa chini pale kwenye korido. Niliona viatu vyake tu. Halafu mkono ukanigusa mgongoni.

"Inuka, mwanangu." Akasema tangu atoke kwao Ibadan hakuna aliyemsalimu hivyo. Hata watoto wake humwambia kizungu "hai, dadi" wakapita.

Taiwo alikuwa mlangoni, hacheki tena. Akaja taratibu akalala kando yangu, na shati lake jeupe la shule. Mzee akageukia ukuta, akavua miwani akaipangusa.

Chumba bado ni changu. Tena nimelala vizuri kumshinda Taiwo, yeye kifua hakikugusa chini. Kesho nitamsalimu mzee vilevile, ila kwanza nitaifagia hiyo korido.